Ufugaji karibu na makazi: Sheria ya leseni na uchafuzi inasemaje?

KILA Mkenya anaruhusiwa kufuga, lakini ruhusa hiyo hufikia kikomo pale samadi, maji machafu, harufu au mizoga ya mifugo yake inapoanza kuwadhuru majirani. Huo ndio msingi wa sheria zote za nchi zinazohusu mashamba ya mifugo yaliyo karibu na makazi ya watu.

Hata hivyo, wafugaji wengi hawajui ni wakati gani wanahitaji leseni na huitafuta wapi. Majirani wao nao, kwa kutojua haki zao, huvumilia kero kwa miaka mingi au huamua kujichukulia sheria mikononi.

Makala haya yanaeleza sheria hizo kwa kuzingatia hali ya eneo la Nanighi na maeneo mengine ya kando ya Mto Tana, ambako binadamu na mifugo hunywa kutoka mto mmoja.

Mto mmoja, majirani wengi

Nanighi iko ukingoni mwa Mto Tana, kusini mwa mji wa Garissa. Wadi yenye jina hilo imo katika eneo bunge la Fafi, Kaunti ya Garissa, na ng'ambo ya mto ni Kaunti ya Tana River. Maji yanayopita hapo huendelea hadi Bura, Hola na Garsen kabla ya kuingia Bahari Hindi karibu na Kipini. Kwa hivyo, uchafu unaotupwa mtoni juu hunywewa na watu walio chini, ambao huenda hawajawahi hata kumwona aliyeutupa.

Katika bonde hili wanaishi wafugaji wa jamii za Wasomali, Waorma na Wardei, pamoja na Wapokomo na Wamunyoyaya ambao kwa desturi ni wakulima. Wakati wa kiangazi, makundi makubwa ya ng'ombe, ngamia, mbuzi na kondoo huteremshwa mtoni kupitia njia maalumu zinazoitwa malka. Vijiji na mashamba yapo kando ya njia hizo hizo.

Yapo mambo yanayoonyesha jinsi suala hili lilivyo zito. Mapigano yaliyotokea Delta ya Tana kuanzia Agosti 2012 yalisababisha vifo vya zaidi ya watu 100, na miongoni mwa vyanzo vyake vilivyotajwa ni mvutano wa muda mrefu kuhusu malisho, mashamba na njia za kufikia maji. Watu wa eneo hili wanafahamu kwamba ugomvi wa ng'ombe aliyeingia shambani au kuchafua maji unaweza kuanza kama neno dogo na kuishia makaburini. Ndiyo sababu ni muhimu kila upande ujue mlango wa kubisha kabla hasira hazijapanda.

Madhara yanayozuiwa na sheria

Samadi ni mali shambani, ila ikiingia kwenye maji huwa sumu. Kwanza, hubeba vijidudu vinavyoleta magonjwa ya kuhara. Pili, mvua huyeyusha naitreti iliyomo na kuipenyeza ardhini hadi kwenye visima vifupi. Shirika la Afya Duniani (WHO) limeweka kiwango cha juu cha miligramu 50 za naitreti katika lita moja ya maji ya kunywa, kwa sababu kiwango kikizidi hapo damu ya mtoto mchanga anayelishwa kwa maziwa yaliyochanganywa na maji hayo huweza kushindwa kubeba hewa ya oksijeni ipasavyo.

Tatu, samadi nyingi ikiingia mtoni au kwenye kidimbwi, vijidudu vinavyoiozesha hutumia oksijeni iliyomo majini na samaki hufa. Nne, marundo yaliyoachwa wazi huzalisha nzi, na mkojo wa wanyama hutoa gesi ya amonia inayowasha macho na kifua.

Yapo pia magonjwa yanayotoka kwa mnyama kwenda kwa mtu. Homa ya Bonde la Ufa iliyozuka kaskazini mashariki mwa nchi na maeneo ya Mto Tana mwishoni mwa mwaka 2006, baada ya mvua kubwa, iliua zaidi ya watu 150 nchini kufikia Machi 2007. Mlipuko mwingine mkubwa ulikuwa umetokea Garissa mwaka 1997 na 1998, wakati wa mvua za El Nino. Virusi vya ugonjwa huo huenezwa na mbu, lakini binadamu wengi huvipata kwa kugusa damu, mimba zilizotoka au nyama ya mnyama mgonjwa. Ugonjwa wa kutupa mimba kwa mifugo, yaani bruselosi, nao humpata mtu anayekunywa maziwa yasiyochemshwa au anayemzalisha mnyama bila kujikinga.

Ufugaji upi unahitaji leseni?

Familia yenye mbuzi na ng'ombe wachache kwa matumizi ya nyumbani haihitaji leseni ya Mamlaka ya Kitaifa ya Usimamizi wa Mazingira (NEMA) ili kuwa na zizi. Lakini hata familia hiyo haijaondolewa chini ya sheria za afya ya umma, ambazo zitaelezwa baadaye. Katika miji na manispaa, sheria ndogo za kaunti zinaweza pia kudai kibali kwa mifugo michache. Kaunti ya Nairobi, kwa mfano, ilipitisha sheria ya kilimo cha mijini mwaka 2015.

Hali hubadilika ufugaji unapokuwa mradi mkubwa wa kibiashara. Sheria ya Usimamizi na Uratibu wa Mazingira ya mwaka 1999, iliyoanza kutumika Januari 2000 na kufanyiwa marekebisho makubwa mwaka 2015, inakataza mtu kuanzisha mradi ulioorodheshwa katika Jedwali lake la Pili kabla ya kufanya tathmini ya athari kwa mazingira na kupewa leseni na NEMA. Kilimo cha kiwango kikubwa na vichinjio vimo katika orodha hiyo tangu mwanzo, sawa na viwanda vya nyama na vya ngozi.

Mwaka 2019, jedwali hilo lilipangwa upya na miradi ikagawanywa katika makundi matatu: yenye hatari ndogo, ya wastani na kubwa. Kadiri hatari inavyokuwa kubwa, ndivyo uchunguzi unaotakiwa unavyokuwa mpana. Anayenuia kujenga kituo cha kunenepesha ng'ombe wa kuuzwa, shamba kubwa la maziwa au la kuku, anashauriwa kuuliza katika ofisi ya NEMA ya kaunti mradi wake umo katika kundi gani kabla ya kuchimba msingi. Kuuliza mapema ni nafuu kuliko kubomoa baadaye.

Leseni nyingine hutegemea kazi yenyewe. Kichinjio huhitaji leseni chini ya Sheria ya Udhibiti wa Nyama. Muuzaji wa maziwa kwa biashara husimamiwa na Bodi ya Maziwa ya Kenya. Anayechota maji mtoni kwa mtambo au kuchimba kisima kirefu kwa ajili ya shamba lake huhitaji kibali cha Mamlaka ya Rasilimali za Maji, iliyoundwa chini ya Sheria ya Maji ya mwaka 2016. Na shamba linalotiririsha maji machafu katika mazingira hutakiwa kuwa na leseni ya NEMA ya kutiririsha maji taka.

Hatua za kufuata

Mwenye mradi hutakiwa kwanza kuwa na haki ya kutumia ardhi. Katika sehemu kubwa ya Garissa na Tana River, ardhi ni ya jamii. Sheria ya Ardhi ya Jamii ya mwaka 2016 inasema kwamba mkataba wa uwekezaji katika ardhi hiyo hauwi halali mpaka theluthi mbili ya watu wazima wa jamii waupitishe katika mkutano ulioitishwa kwa ajili hiyo. Sahihi ya mzee mmoja au ya kikundi cha wachache haitoshi.

Hatua ya pili ni kibali cha kuendeleza ardhi kutoka kwa serikali ya kaunti, chini ya Sheria ya Mipango ya Matumizi ya Ardhi ya mwaka 2019. Hapa ndipo maafisa wa mipango huangalia kama eneo limetengewa makazi, malisho au kilimo, na kama zizi au kichinjio kitakuwa karibu mno na shule, zahanati au nyumba.

Hatua ya tatu ni tathmini ya mazingira. Mwenye mradi huajiri mtaalamu aliyesajiliwa na NEMA, ambaye huandika ripoti inayoeleza idadi ya mifugo, chanzo cha maji, mahali samadi itakapowekwa, upepo unakoelekea, na namna mizoga itakavyoondolewa. Kisha mamlaka hiyo huamua kutoa leseni, kuikataa, au kudai uchunguzi kamili.

Hatua ya nne, ambayo wawekezaji wengi huidharau, ni kuwasikiliza wenyeji. Kanuni za tathmini za mwaka 2003 ziliagiza kwamba katika uchunguzi kamili mwenye mradi abandike mabango mahali pa wazi, atangaze gazetini na redioni kwa wiki mbili mfululizo, na afanye angalau mikutano mitatu na watu watakaoathirika. Tangazo la redio lilitakiwa kuwa katika lugha rasmi na lugha ya wenyeji pia.

Mahakama zimeonyesha kwamba jambo hili si la kupitisha muda. Mnamo Februari 2013, Mahakama Kuu iliamua katika kesi ya wakazi wa Delta ya Tana kwamba mipango ya matumizi ya ardhi yao iandaliwe kwa kuwahusisha. Juni 26, 2019, Jopo la Kitaifa la Mazingira lilifuta leseni ya mradi wa kawi ya makaa ya mawe huko Lamu, mojawapo ya sababu ikiwa ni kwamba wananchi hawakushirikishwa ipasavyo. Ikiwa mradi wa mabilioni ulikwama kwa sababu hiyo, shamba la ng'ombe haliwezi kujiona salama.

Umbali kutoka mtoni, kisimani na nyumbani

Swali linaloulizwa zaidi ni hili: zizi linapaswa kuwa mita ngapi kutoka nyumba ya jirani? Sheria ya Afya ya Umma na ile ya mazingira hazitaji idadi moja ya mita kwa nchi nzima. Hizo hupima madhara. Zizi lililo umbali wa mita 100 lakini linalomwaga uchafu kisimani ni kosa, na lililo karibu zaidi lakini safi na kavu huenda lisiwe na kosa. Mita kamili hutolewa katika masharti ya kibali cha kaunti au ya leseni ya NEMA, na mwenye shamba hufungwa na masharti hayo.

Kwa upande wa mito, Kanuni za Ubora wa Maji za mwaka 2006 zilizuia kilimo na ujenzi wa miradi katika ukanda wa kati ya mita 6 na mita 30, ukipimwa kutoka alama ya juu kabisa ambayo mafuriko yamewahi kufikia. Kipimo hicho kina maana kubwa katika bonde la Tana. Ardhi inayoonekana kavu mwezi wa Februari huweza kuwa chini ya maji mwezi wa Novemba, kama ilivyokuwa mwishoni mwa mwaka 2023 na tena Aprili na Mei 2024. Anayejenga zizi kwa kutazama ukingo wa kiangazi hujenga mtoni.

Kanuni hizo za mwaka 2006 zilitaka pia kwamba chanzo cha maji ya nyumbani kisiwe na bakteria wa E. koli hata mmoja katika mililita 100 za maji. Bakteria hao huishi katika matumbo ya binadamu na ya wanyama, na kuwapo kwao ni ushahidi kwamba kinyesi kimeingia majini. Kwa visima vifupi, wataalamu wa maji hushauri angalau mita 30 kati ya kisima na choo cha shimo. Ni busara mfugaji autumie umbali huo pia kwa rundo la samadi na aweke kisima upande wa juu wa mteremko.

Samadi, maji ya josho na mizoga

Rundo la samadi likifunikwa na kugeuzwa mara kwa mara hupata joto lake lenyewe. Likifikia nyuzi 55 za Selsiasi na kukaa hivyo kwa siku kadhaa, vijidudu vingi na mbegu za magugu hufa, na inayobaki ni mbolea ambayo mkulima wa mahindi au maembe wa Hola angeinunua. Mahali pa kuiweka panafaa kuwa na sakafu ngumu, tuta la kuzuia maji ya mvua na shimo la kukusanyia mkojo. Mwenye ng'ombe wa kufungiwa anaweza kuielekeza kwenye mtambo wa gesi ya kupikia.

Maji ya josho yana hatari ya aina nyingine. Dawa za kuua kupe huua samaki na wadudu wa majini hata zikiwa kidogo. Kuyamwaga maji hayo mtoni au kwenye malka ni uchafuzi unaokatazwa wazi na sheria ya mazingira, ambayo pia humlazimu mchafuzi kulipia gharama ya kusafisha alipoharibu.

Kuhusu mizoga, ukame wa kati ya mwaka 2020 na 2023, ambapo misimu mitano ya mvua ilishindwa mfululizo, uliua zaidi ya mifugo milioni mbili nchini, na maeneo mengi ya kaskazini na pwani yalijaa mizoga isiyozikwa. Mzoga hufaa kuzikwa kwa kina kirefu mbali na maji au kuchomwa. Mnyama akifa ghafla huku damu ikimtoka puani au mdomoni, asipasuliwe wala asichunwe, kwa sababu huenda ni kimeta. Sheria ya Magonjwa ya Wanyama inamtaka mwenye mifugo kuripoti magonjwa ya aina hiyo kwa afisa wa mifugo.

Mfugaji wa kuhamahama je?

Hapa ndipo sheria huonekana kama koti lililoshonewa mtu mwingine. Leseni, ripoti na ukaguzi wa kila mwaka vilitungwa kwa kuzingatia shamba lenye ua na lango. Mfugaji anayefika mtoni na mifugo 200 kwa siku tatu kisha akaondoka hana shamba la kupewa leseni, na hakuna afisa anayeweza kuifuta.

Hilo halimaanishi kwamba hana sheria. Katiba ya mwaka 2010 inamtaka kila mtu kushirikiana na serikali katika kulinda mazingira. Sheria ya Ardhi ya Jamii inatambua desturi za malisho na inaitaka jamii iliyosajiliwa kuzizingatia. Kwa hivyo, chombo kinachofaa zaidi kwa malka ni mapatano ya jamii yaliyoandikwa: njia ipi ni ya mifugo, sehemu ipi ya ukingo ni ya kuteka maji ya nyumbani, na wanyama wanyweshwe upande wa chini wa mahali watu wanapoteka.

Kuhamishia maji ya mifugo kwenye birika lililo mbali kidogo na ukingo hupunguza uchafuzi na huokoa ukingo usimomonyoke. Mapatano kama hayo yakiingizwa katika mpango wa matumizi ya ardhi wa kaunti hupata nguvu ya kisheria.

Jirani afanye nini?

Mwenye malalamiko aanze kwa mazungumzo, akiwashirikisha wazee na chifu. Yasipofaulu, ana njia zifuatazo:

- Afisa wa afya ya umma wa kaunti. Sheria ya Afya ya Umma inalitaja zizi au jengo la wanyama lililojengwa au kutumiwa kwa namna inayoudhi au kuhatarisha afya kuwa kero, sawa na rundo la samadi lenye madhara. Afisa hutoa ilani ya kuondoa kero hiyo, na anayeikaidi hupelekwa mahakamani.

- Ofisi ya NEMA ya kaunti, ambayo inaweza kukagua shamba, kutoa amri ya kurekebisha mazingira yaliyoharibiwa, na kusimamisha au kufuta leseni.

- Kamati ya Kitaifa ya Malalamiko ya Mazingira, ambayo huchunguza malalamiko dhidi ya mtu yeyote na hata dhidi ya NEMA yenyewe.

- Jopo la Kitaifa la Mazingira, kwa anayepinga uamuzi wa leseni. Rufaa huwasilishwa ndani ya siku 60.

- Mahakama ya Mazingira na Ardhi. Kifungu cha 42 cha Katiba kinampa kila mtu haki ya mazingira safi, na Kifungu cha 70 kinasema mlalamishi halazimiki kuthibitisha kwamba yeye au mtu mwingine amekwisha kuumia au kupata hasara.

Kifungu hicho cha mwisho kinastahili kusomwa mara mbili. Mama anayeona maji ya zizi yakielekea kisimani mwake hahitaji kusubiri mwanawe augue ndipo apate sauti mahakamani.

Ikiwa zizi liko kaunti nyingine

Mpaka wa Garissa na Tana River umekuwa na mvutano wa miaka mingi, hasa kuhusu ukanda wa mashariki ya mto. Jambo hili huwachanganya wakazi wa maeneo kama Nanighi wasijue ni kaunti ipi ya kulalamikia.

Jedwali la Nne la Katiba limezipa kaunti kazi ya ufugaji, minada ya mifugo, vichinjio vya kaunti, kuzuia magonjwa ya wanyama, afya, na udhibiti wa uchafuzi wa hewa, kelele na kero nyinginezo. Kwa hivyo, kibali cha zizi hutolewa na kaunti lilipo zizi. Hata hivyo, NEMA, Mamlaka ya Rasilimali za Maji na mahakama ni taasisi za kitaifa, na mamlaka yao hayaishii ukingoni. Mkazi wa Tana River anayeathiriwa na uchafu unaotoka ng'ambo ana haki ya kuandikisha malalamiko yake kwao, na hali kadhalika mkazi wa Garissa.

Anayelalamika ahifadhi ushahidi: tarehe, picha, majina ya walioathirika, na ikiwezekana sampuli ya maji iliyochukuliwa na afisa wa afya katika chupa safi na kupelekwa maabara mapema. Mfugaji naye ahifadhi vibali vyake, rekodi za chanjo na barua za kaunti, kwa kuwa siku ya ukaguzi karatasi hizo ndizo zitakazomtetea.